Mgeni Anayeondoka Jumanne

Hagi,
Jumatatu jioni.

Kaka Iori,

Kabla sijakusalimu, acha nitoe kwanza jambo ambalo sijawahi kumwambia mtu, si Mama, si rafiki yeyote shuleni, maana nikianza na salamu nitazunguka mpaka karatasi iishe. Jambo lenyewe ni hili: watu nisiowajua wakiniuliza natoka wapi, huwa nawaambia mimi ni msafiri. Nasema nimekuja kutembea tu na karibu naondoka. Nilianza siku moja kituo cha treni. Bibi mmoja alinigusa nywele akaniuliza nimeizoeaje baridi, nami nikaona uvivu kueleza habari za Lushoto, za Mama, za Baba na tanuri la vyungu la babu, na miaka yote niliyosoma hapa. Nikamwambia naondoka keshokutwa. Akanipa chungwa, akanitakia safari njema, basi. Tangu hapo nimeona ni rahisi. Msafiri akinyamaza, watu husema masikini hajui lugha. Mimi nikinyamaza, watu husema nina maringo. Na wewe unanijua, hata kumwita mhudumu mkahawani natokwa jasho. Uongo huo ulikuwa mwavuli wangu. Jana umenivunjikia kichwani, mbele ya watu, na Baba akiwamo.

Sasa nikusalimu kama inavyotakiwa. Hujambo, kaka yangu? Habari za Betsukai, habari za ng'ombe, na mgongo je, bado unakukamata ukiamka alfajiri kukamua? Natumaini unakula vizuri na si tambi za kumwagia maji ya moto kila siku. Sisi huku hatujambo. Mama ni mzima, bado yuko kiwandani kwenye samaki wa kusaga, na akirudi jioni paka wa jirani bado wanamsindikiza mpaka mlangoni. Baba ni mzima. Machungwa ya uani bado ya kijani. Mimi mwili wangu mzima. Moyo ndio una hasira, na utanisamehe ikidondoka humu.

Barua yako niliipata, ile uliyoipitishia kwa rafiki yangu. Uliniomba neno moja tu: njoo, au usije. Ulisema nimuulize Baba kama unaweza kuja Novemba tanuri litakapowashwa, na nisimuulize Mama, kwa sababu Mama atasema njoo hata kama Baba amesimama mlangoni na nyundo. Ukasema pia nisikujibu kwa simu, kwa sababu kwenye simu mimi husema "sawa" kwa kila kitu. Ni kweli. Lakini kaka, kazi uliyonipa ni kubwa kuliko mimi. Nimejaribu tangu Agosti. Nikiwa mezani, jina lako limeshafika kwenye meno, Baba ananiomba nimsogezee mchuzi wa soya. Nikienda karakana, ananiambia nisimzibie mwanga. Jina lako halitajwi humu ndani tangu siku ile. Mama akitaka kukusema husema "yule wa juu", kwa sababu ya chumba chako cha ghorofani, utadhani tuna mpangaji. Chumba chenyewe nilikihamia mimi. Baba hajawahi kupanda ngazi hizi tangu uondoke. Akinihitaji hugonga nguzo ya chini kwa fagio. Ndimo ninamoandikia sasa, kitabu cha hesabu kimefunguliwa pembeni tayari kufunika, maana Kiswahili alichokipata Baba akifundisha ufinyanzi Lushoto hakijamtoka. Kuzungumza ndiko hataki. Kusoma anasoma.

Siku ile sina haja ya kukukumbusha, lakini acha niiseme nilivyoisikia mimi, kwa sababu nilikuwa na miaka kumi na mitatu na nilikuwa nyuma ya rundo la kuni. Tanuri limefunguliwa, mabakuli yako yametolewa, Baba anayageuza kutazama mistari ya vidole ndani. Akasema tanuri hili tangu enzi za babu halijawahi kuzungusha gurudumu upande huo. Ukamwambia mkono wako ni wa kushoto, na gurudumu linafuata mkono. Akasema mkono ndio unaofuata gurudumu. Ukasema basi mkono huu hautafuata. Halafu nikasikia nyundo. Aliyavunja yote, hata yale ambayo mimi mtoto niliona yametoka mazuri. Jioni yake ukabeba begi. Ndivyo nilivyojua, na ndivyo sote tulivyojua, kwamba katika nyumba hii halikubaki hata bakuli moja la mkono wako.

Juzi Jumamosi Baba aliniambia nitafute soksi nyeupe, kesho twende Tsuwano kwenye sherehe ya chai ya Mwalimu Kunishige, hekaluni. Nilishangaa. Kwenye chai huwa anakwenda peke yake kupeleka mabakuli, na mimi anajua naogopa kukaa mbele za watu. Nikamuuliza kwa nini mimi. Akasema kwa sababu una soksi. Unajua majibu yake. Lakini nikajiambia hii ndiyo nafasi: ndani ya gari hakuna mchuzi wa soya wala mwanga wa kuzibiwa, ni yeye na mimi na wewe katikati. Kwa hiyo njia nzima nilikuwa nafungua mdomo kila tukiingia kwenye handaki na kuufunga kila tukitoka. Mvua ilikuwa inanyesha, vifuta kioo vinalia, na nadhani Baba alifikiri napiga miayo, kwa sababu alinipa pipi ya kuondoa usingizi. Nilitaka kulia kwa hasira. Nikaila.

Tulipofika hekaluni aliingiza gari nyuma ili ashushe masanduku, akaniambia nitangulie mlango wa mbele, nivue viatu, nikae popote katikati. Kwenye chumba cha kungojea kulikuwa na mama mmoja wa kimono ya kijivu, Bi Hirabara, aina ya mtu anayemwona mwenzake amekaa kimya akadhani anaumwa. Alinijia moja kwa moja akaniuliza, kwa sauti ya kuita mtu ng'ambo ya mto, nimetoka nchi gani na nimefika lini. Kaka, ulimi ulitangulia. Nikasema, na tena kwa Kijapani cha kuvunjavunja nilichokifanyia mazoezi, mimi msafiri, mimi kuondoka Jumanne. Jumanne ilinitoka tu kwa sababu kesho Jumanne tuna mtihani wa hesabu na ulikuwa umenikaa kichwani. Bi Hirabara akapiga makofi. Akawatangazia wote kwamba kuna mgeni kutoka Afrika, anaondoka Jumanne, na amekubali kunywa chai nasi. Nikatabasamu kama wanavyotabasamu wasafiri. Nilifikiri nimeokoka.

Sasa tukaitwa ndani. Unajua ilivyo: wote wanaitaka chai, hakuna anayeitaka nafasi ya kwanza, ile ya karibu na maandishi ya kuning'inia ukutani, kwa sababu anayekaa pale ndiye mdomo wa chumba kizima. Yeye ndiye anamuuliza mwenyeji maswali yote, bakuli limetoka wapi, nani kalifinyanga, linaitwaje, na wengine wanakaa kimya wanasikiliza. Basi ikaanza vita ya adabu. Bi Hirabara alimwambia Bwana Anno, mzee aliyekuwa zamani mkuu wa kituo cha treni, apite mbele, yeye ni mkubwa. Bwana Anno akasema, "Mkubwa wa nini? Wa magoti mabovu? Pita wewe, una miaka mingi kwenye chai." Bi Hirabara akasema miaka yake ni ya kuosha vyombo tu. Bwana Anno akasema, "Mama, mimi nimekuja kula kitamu. Mkinikalisha pale mtakuwa mmeniua." Wengine wakawa wanasogea nyuma kwa magoti, huku wanainama, huku wanasukumana kwa vidole, mpaka nusu ya chumba imejaa na nusu ya mbele iko wazi kama kuna nyoka. Mimi nilikuwa nimejibana ukutani nimetulia. Ndipo Bi Hirabara akageuka akaniona. Uso wake uling'aa.

Akasema, "Jamani, si tuna mgeni wa mbali! Mgeni wa mbali ndiye wa kwanza!" Chumba kizima kikashusha pumzi. Ndiyo, ndiyo, mgeni wa mbali. Heshima yake. Tena hata asipouliza kitu nani atamlaumu, masikini, anaondoka Jumanne. Mikono ikanishika mabegani, ikanisukuma taratibu kwenye mkeka, na kabla sijakumbuka nilikuwa natumia lugha gani, nilikuwa nimepiga magoti nafasi ya kwanza, mimi, ambaye darasani huwa najifanya kuinamia kalamu ili mwalimu asinione.

Nilikuwa nakaribia kusema ukweli. Nakuapia, neno lilikuwa njiani. Lakini mlango ukasukumwa, Baba akaingia wa mwisho. Nafasi iliyobaki ilikuwa moja, ile ya mkiani, na akakaa hapo. Akainua macho, akanikuta mimi kule mbele. Nyusi zake zilipanda. Bi Hirabara, ambaye hakuacha mtu hajui, akamweleza yule mfinyanzi wa Hagi kwamba leo tuna bahati, mgeni wetu ni msafiri kutoka Afrika, anaondoka Jumanne. Nikamtazama Baba. Nikamwomba kwa macho aseme. Angesema neno moja tu, ningefurahi, ningeona aibu kisha ningefurahi. Kaka, aliinama. Aliinama kwa adabu kama watu wengine wote, akasema karibu sana, akatazama mkeka. Nikakasirika naye hapo hapo. Halafu nikakumbuka kwamba aliyejiita msafiri si yeye.

Mwalimu Kunishige akaingia. Yeye alikuja kwetu nikiwa mdogo, mara moja, na mara moja ilimtosha kunikumbuka. Aliponiinamia, pembe ya mdomo wake ilicheza kidogo tu, kisha ikatulia. Hakusema kitu. Hawa watu wote wa kutosema kitu!

Vitamu vikaletwa, vya maharage, vimefinyangwa kama jani linaloanza kuwa jekundu. Bi Hirabara, ambaye alikuwa pembeni yangu, akaninong'oneza kwa kelele, "Ku-la. Ta-mu. Ha-pa-na ku-fi-cha mfukoni." Bwana Anno akamwambia, "Taratibu, Bi Hirabara. Binti ni msafiri, si kiziwi." Watu wakacheka chini ya pumzi. Nikala. Maji yalikuwa yanachemka kwenye birika la chuma, Mwalimu anapiga povu la chai kwa kile kipigio cha mwanzi, na mimi nafanya hesabu ya uongo wangu: nikiuliza maswali vizuri watajua nilidanganya, nisipouliza, nitakaa kama jiwe mbele ya Baba. Nikachagua jiwe. Ndiyo, nilichagua jiwe.

Bakuli likawekwa mbele yangu. Nikaliinua, nikaligeuza kama tulivyofundishwa, nikanywa. Lilikuwa zito kidogo upande mmoja. Rangi yake ilikuwa ya udongo wa waridi uliolowa, na katika ngozi yake kulikuwa na nyufa ndogo ndogo zilizonywa chai hadi zikawa na madoa ya kahawia, kama mikono ya wazee. Sisi watoto wa Hagi tunajua maana yake. Bakuli letu likitoka tanurini huwa jeupe kama uji, na likikaa sandukuni litabaki hivyo hivyo mpaka wajukuu. Linabadilika likinywewa tu, siku kwa siku. Mtu alikuwa amelinywea hili kwa muda mrefu, na kwa kulipenda. Nikafikiria hayo bila kufikiria sana, nikamaliza povu la mwisho, na chini ya bakuli mistari ya vidole ikajitokeza.

Ilikuwa inazunguka upande wa pili.

Nilidhani ni macho. Nikaligeuza bakuli kidogo, nikaligeuza tena, mstari ukabaki unakwenda kule kule, kushoto, kama maji yanayokataa. Nikashika mguu wake kwa chini: ule mkato ulikuwa umekatwa na kisu kilichotoka upande ambao hakuna kisu cha karakana yetu kilichowahi kutokea, isipokuwa kimoja. Nikaliweka chini nisije nikawa mtu wa pili kukuvunjia.

Sasa ndipo wakati wa kuuliza. Chumba kikanyamaza kunisubiri, si kwa matumaini, kwa adabu tu. Mwalimu akanisubiri. Nikatazama mkiani. Baba alikuwa amekaa wima kuliko watu wote, mikono juu ya mapaja, macho kwenye lile bakuli. Sijawahi kumwona anasubiri kitu namna ile. Hata mbele ya mlango wa tanuri hasubiri hivyo. Nikafungua mdomo. Nikaufunga. Bi Hirabara kwa huruma yake akaniokoa, kama alivyodhani: akainama akamwambia Mwalimu kwamba mgeni wetu hana lugha, tusimtese, habari za bakuli tuziache, twende kwenye mambo ya birika. Watu wakaitikia, ndiyo, tumwonee huruma, tuziache. Mwalimu akanitazama kidogo zaidi ya inavyopaswa, kisha akanyoosha mkono kulichukua.

Nikaona mabega ya Baba yanashuka.

Kaka, nilisema. Na sikusema kile Kijapani safi cha vitabuni, cha chai, nilichojifunza kwa mitihani. Ilitoka lafudhi yetu ya Hagi, ile ya wauza samaki gatini, tena kwa sauti iliyopasuka: "Ngoja kwanza, mwalimu! Bakuli hili kalifinyanga nani?"

Mtu mmoja akadondosha upepeo wake wa mkononi. Bi Hirabara akanitazama kana kwamba birika limesema. Bwana Anno akasema polepole, "Ama kweli. Anaondoka Jumanne, na ameshajifunza mpaka kufoka." Mwalimu Kunishige hakucheka. Akaurudisha mkono wake gotini, akajibu kama anavyojibiwa mgeni wa kwanza halisi. Akasema bakuli si lake, ameazimwa. Mwenye bakuli hulinywea kila alfajiri kabla ya kuwasha moto, na wiki iliyopita alilileta kwa mikono yake, akaomba litumike leo, wala hakusema sababu. Aliyelifinyanga ni kijana wa tanuri la Hagi, jina lake Iori. Kwa sasa yuko mbali.

Jina lako, kaka, lilisemwa mbele ya watu kumi na kitu waliokaa kimya, na paa halikuanguka.

Nikauliza, kwa sababu nilishaharibu kila kitu na ilibidi nimalize, je, bakuli lina jina? Akasema bado. Akavuta kile kisanduku chake cha mbao akanionyesha kifuniko, pale panapoandikwa jina la bakuli na la mfinyanzi kwa wino. Palikuwa patupu. Akasema mwenye bakuli hataki kulipatia jina. Anasema aliyelifinyanga ndiye alipatie, na yeye anangoja.

Bi Hirabara alikuwa bado yuko kwenye habari yangu tu. Akasema, kwa uchungu kabisa, "Lakini binti, uliniambia wewe msafiri! Ukaniambia unaondoka Jumanne!" Ndipo sauti ikatoka mkiani, mahali ambapo mtu haruhusiwi kusema. Baba alisema, "Haondoki Jumanne. Jumanne ana mtihani wa hesabu." Watu wote wakageuka. Akaongeza, "Ni binti yangu. Samahanini." Kisha akainama mpaka kipaji cha uso kikagusa mkeka, na mimi nikainama, na Bi Hirabara naye akainama kwa kutojua afanye nini, na Bwana Anno akasema kama ni hivyo basi aletewe kitamu kingine, moyo wake umeshtuka.

Baadaye bakuli likapitishwa watu walitazame, mkono kwa mkono, mpaka likamfikia Baba. Ungemwona! Bakuli lake mwenyewe, analolinywea kila alfajiri, akaliinamia, akalishika kwa ncha za vidole, akaligeuza, akalitazama chini na juu kama mtu anayetambulishwa kwa mke wake. Akalitazama mpaka zamu yake ikapita. Akasema limetengenezwa vizuri. Basi.

Usidhani nilifurahi. Nilitoka mle na masikio yanawaka. Miaka mitatu mizima tunatembea kwa vidole vya miguu kandokando ya jina lako, Mama anakuita mpangaji, mimi nashusha sauti nikisoma kitabu chenye mtu mwenye jina hilo, kumbe yeye kila alfajiri yuko karakana amekushika kwa mikono miwili. Na ili alisikie jina hilo, alilazimika kulibeba bakuli mpaka mkoa mwingine, kwa watu wasiotujua, apange mtu baki aulize na mtu baki ajibu, yeye asikilize tu kutoka mkiani. Mtu mzima, ana mdomo! Nilimtazama akifunga mlango wa gari nikataka kumpigia kelele. Halafu najua utaniambia nini, kwamba na mimi nina mdomo. Usiniambie. Nimeshajiambia njia nzima.

Ndani ya gari, kwa hasira hiyo hiyo, nikalitoa. Nikasema Iori anataka kuja Novemba. Hivyo tu, bila handaki. Baba akasema barabara inateleza. Nikasema ameandika, anataka jibu. Akasema hii mvua haikatiki leo. Nikageukia dirishani, nikaapa sitamwambia neno tena. Tulipofika kule kwenye mteremko wa mashamba ya chai akaniuliza, macho barabarani, "Ng'ombe wanakamuliwa kwa mkono gani?"

Sikuelewa. Nikasema siku hizi wanakamuliwa kwa mashine. Akasema, "Aa." Na hilo ndilo neno la mwisho mpaka Hagi.

Nimemuuliza Mama nani alimwambia Baba habari za ng'ombe. Akasema ni yeye, mwaka jana, na jibu lilikuwa hilo hilo, aa. Nikamuuliza kama alijua habari za bakuli. Akaniangalia kama naumwa. "Tumu," akasema, "unafikiri nyumba hii nani anaipangusa vumbi? Lile bakuli liko nyuma ya gunia la majivu, limefungwa kwenye fulana ya kaka yako. Nilingoja aniambie mwenyewe." Kaka, nimezaliwa katika nyumba gani hii? Wewe angalau uligombana naye kwa sauti.

Kwa hiyo jibu uliloniomba sina. Hajasema njoo, wala hajasema usije. Amesema barabara inateleza. Nimekuandikia nilichokiona na nilichokisikia, bila kuongeza, ukiamue wewe huko uliko, kwa sababu mimi nimechoka kumsoma mtu kwa mabega. Kama unaona kifuniko kitupu ni jibu, basi ni jibu. Mimi nilitaka neno.

Nisalimie wenzako wa zizini, na yule mama mwenye shamba anayekupa maziwa ya bure. Mama anakusalimu sana, hajui kama nakuandikia, au pengine anajua, maana yeye ndiye mpangusaji. Vaa soksi za sufu. Nami nimeacha usafiri wangu wa uongo kuanzia jana. Mtu akiniuliza natoka wapi nitasema Hagi, nyuma ya soko la samaki, tanuri la pili, hata kama nitatokwa jasho.

Ni mimi mdogo wako,
Chigusa, Tumu wako.

Baada ya kutia sahihi: ngoja. Fagio halijagonga nguzo, lakini kuna mtu kwenye ngazi. Si Mama, Mama yuko kuoga, namsikia anaimba. Ni goti la Baba, kaka, linalia kila anapopanda. Amesimama kwenye kona. Kuna kitu cha mbao kimegonga ukuta, kama kile kisanduku chenye kifuniko kitupu, na kitu kingine kinacheza kwenye kibakuli, wino huo. Anapanda tena. Mwanga wa taa ya ukumbini unazibwa chini ya mlango. Anakohoa, hajui jinsi ya kubisha mlango huu. Nafunika kwa kitabu cha hesabu.

Kaka, njoo.